Bibi Perusi Avuka Daraja la Mshikamano

Nchi yetu siitaji jina. Si kwamba naogopa. Jina lake lilibadilishwa majuzi, na tangazo lenyewe lilikatika kabla ya kufika mwisho kwa sababu umeme nao ulikatika. Kwa hiyo sote tunaiita "nchi yetu" huku tukisubiri umeme urudi. Ni nchi nzuri. Ina Rais, ina mto, na ina Wizara ya Matembezi, Mandhari na Mwelekeo, ambayo mimi nilikuwa mtumishi wake. Cheo changu kilikuwa Afisa Kivuli, Daraja la Pili, maana yake nilimshikia mwavuli Naibu Waziri, Mheshimiwa Dakta Evaristi Pangamawe, jua liwepo lisiwepo. Ndiyo sababu haya yote niliyaona kwa karibu, nikichungulia juu ya bega lake.

Katika mji mkuu wetu mtu hatembei hivi hivi. Mwenyeji hutembea kwa kuwa hana gari, na hilo serikali inamvumilia. Lakini mgeni akitembea anaangalia, na kuangalia ni jambo la kitaifa. Mgeni wa mwisho aliyeachwa atembee alitaka kujua kwa nini Hospitali ya Rufaa ina ukuta wa mbele tu, na swali hilo lilitusumbua msimu mzima. Tangu hapo, mgeni yeyote akiomba kutembea, wizara hupaka rangi njia yote, huazima maua kutoka makaburini, na kuwaomba watu wenye viatu vibovu wabaki ndani.

Basi siku moja ikaja simu kutoka nchi jirani. Aliyepiga alikuwa mama mtu mzima aliyeitwa Bibi Perusi Mulongo. Aliomba matembezi mafupi ya faragha, yeye na kiongozi mmoja wa watalii, asubuhi moja tu. Alitaka kuanzia stesheni ya reli, apite kwenye jengo la zamani la simu, kisha avuke mto aende Ng'ambo kumsalimia rafiki yake, halafu arudi kwao.

Kikao kiliitishwa haraka. Wakurugenzi waliposikia neno Ng'ambo walishika vichwa, maana huko hakujawahi kupakwa rangi hata mara moja. Mmoja alipendekeza mgeni aambiwe kuwa mji umefungwa kwa ukarabati. Mwingine akapendekeza atembezwe mji mwingine. Ndipo binti wa mapokezi, aliyeipokea ile simu, akanyoosha mkono na kuongeza kwamba yule Bibi haoni tangu utotoni.

 Naibu Waziri alivua miwani yake, akaifuta taratibu, akaivaa tena.

"Haoni kabisa?"

"Kabisa, Mheshimiwa."

Alisema huyo ndiye mgeni ambaye taifa limekuwa likimsubiri tangu uhuru. Rangi iliyokuwa imeshaagizwa ikarudishwa, na baada ya muda ilionekana kwenye paa la nyumba yake, sijui ilipitia njia gani. Rais alipoarifiwa alifurahi mno. Akaagiza matembezi yote yarushwe moja kwa moja na Redio ya Taifa, ili wananchi nao wapate kujua mji wao unafananaje.

Kiongozi aliyeteuliwa aliitwa Sikujua Mapande. Jina hilo alipewa na bibi yake, naye alilibeba bila manung'uniko. Alikuwa mwalimu wa historia mpaka somo hilo liliposimamishwa kusubiri matokeo. Sasa alitembeza watalii kwa kibali cha muda, kilichokwisha kila jioni na kuombwa upya kila asubuhi. Alikuwa mpole, mrefu, mwenye koti moja safi, na mkewe alikuwa amechoka kuolewa na mtu wa muda. Naibu Waziri alimwita ofisini, akamwonyesha kibali cha kudumu kilichokwisha kutiwa muhuri, akakirudisha mfukoni mwake mwenyewe. Alimwambia angekipata jioni, endapo Bibi angetembezwa sawasawa na Maelezo Rasmi.

Hayo Maelezo Rasmi yalikuwa yameidhinishwa na Baraza la Mawaziri. Yaliueleza mji kama utakavyokuwa mpango wa maendeleo utakapokamilika. Wabaya wetu waliyaita uongo, lakini sisi wizarani tuliyaita ukweli uliotangulia.

Kwa kuwa Bibi aliomba faragha, iliundwa Kamati ya Faragha, ambayo ingemfuata kila hatua kuhakikisha yuko peke yake. Ndani yake alikuwamo Naibu Waziri, nami na mwavuli; wakurugenzi wote; mtangazaji wa redio mwenye kipaza sauti kwenye ufito mrefu; na Afisa Usalama aliyevaa kama muuza koni, ambaye hatukuruhusiwa kumtambua. Bendi ya wizara ilikuwepo pia, kwani kwa mujibu wa sheria Naibu Waziri hawezi kutembea bila bendi, ila iliagizwa ipulize bila sauti. Wote tulivaa soksi bila viatu ili mgeni asitusikie. Barabara zilifungwa, wananchi wakasukumwa vichochoroni, na asubuhi hiyo mji mkuu ulikuwa kimya kama darasa lililochungwa na mwalimu mkali.

Bibi Perusi alishuka kwenye treni akiwa na fimbo nyeupe, kanga mbili na kikapu kilichofunikwa kitambaa. Alikuwa mfupi, mnene kiasi, na alitabasamu kwa upande mmoja wa mdomo. Sikujua alimwamkia, naye akaitikia, akatafuta kiwiko chake na kukishika.

Kisha akageuza kichwa kidogo. "Kuna watu wengine?"

"Hapana, Bibi. Tuko wawili."

"Basi mwanangu wewe una pumzi nyingi sana," alisema, na wakaanza kutembea.

Walipofika Barabara ya Katiba, Sikujua alikohoa akaanza kusoma kwa kichwa. Alimwambia kwamba kulia kwake ni Maktaba Kuu ya Taifa, jengo refu lenye vioo vya buluu. Kulia kwake, kwa hakika, palikuwa na uwanja ambapo akina mama hukaanga mihogo. Wenyewe walikuwa wameondolewa tangu alfajiri, lakini hakuna aliyekumbuka kuiondoa harufu. Bibi aliinua pua, akauliza kwa adabu kama katika nchi yetu vitabu huliwa na chachandu. Sikujua akajibu kwamba wasomaji wetu wana hamu kubwa. Naibu Waziri alitikisa kichwa kwa kuridhika.

Mbele kidogo palikuwa na bomba la maji machafu lililopasuka zamani, ambalo katika Maelezo Rasmi huitwa Chemchemi ya Uhuru. Bibi alisikia maji yakibubujika, akavuta ncha ya kanga puani, akauliza chemchemi hiyo ilikufa lini. Naibu Waziri alimsogelea Sikujua na kumnong'oneza neno moja. Sikujua akamwambia Bibi kuwa ni madini.

Mbele ya Hospitali ya Rufaa alifanya jambo ambalo Kamati haikulitarajia. Alisimama, akaweka kikapu chini, akapiga makofi mara moja kwa nguvu, kisha akasikiliza. Alituambia, yaani alimwambia Sikujua, kwamba jengo kubwa hurudisha sauti, na hili halikurudisha kitu.

"Hospitali yenu haina kuta, mwanangu?"

Sikujua alisita. "Iko wazi kwa wote, Bibi."

Mtangazaji alilirudia jibu hilo redioni mara mbili, nami niliambiwa baadaye kwamba Rais aliposikia aliagiza liandikwe kwenye bango.

Waliendelea. Bibi hakuwa na hasira wala dharau; alitembea kama mtu anayesikiliza mtoto wa jirani akighani shairi alilokaririshwa. Lakini kwenye kona ya mtaa wa simu alisimama, akaupapasa mkono wa Sikujua mpaka akaupata kiganja, akakishika.

"Mwanangu," alisema, "mimi nimefanya kazi ya kuunganisha simu toka usichana mpaka uzeeni. Najua sauti ya mtu anayesoma na sauti ya mtu anayesema. Wewe unasoma vizuri sana. Lakini nimesafiri siku nzima, na mimi nilitaka kuongea na mtu."

 Niliona masikio ya Sikujua yakibadilika rangi.

Ndipo Bibi akamsimulia kilichomleta, na kwa kuwa kipaza sauti kilikuwa juu ya vichwa vyao, taifa zima lilisimuliwa pia. Zamani, kabla ya simu za mkononi, mtu wa kwao akitaka kuongea na mtu wa kwetu, simu ilipita mikononi mwa wanawake wawili: Bibi Perusi upande ule, na upande huu mwanamke aliyeitwa Mwanaheri binti Salehe. Waliunganisha biashara za watu, posa za watu na misiba ya watu, na laini ilipokuwa tupu waliongea yao. Mwanaheri alimfundisha kupika pweza kwa nazi, ingawa kwao hakuna pweza. Perusi alimwimbia mtoto wa Mwanaheri alale. Hawakuwahi kukutana. Kisha nchi zetu mbili zikagombana kuhusu bao moja la mpira, kama lilikuwa limevuka mstari au la, na laini ikakatwa. Ilipounganishwa tena baada ya miaka mingi, ilikuwa ya mitambo, isiyohitaji wanawake. Majuzi tu dereva mmoja wa lori alimletea habari kwamba Mwanaheri yu hai, anaishi Ng'ambo, miguu imemwishia nguvu na hawezi tena kutoka nyumbani.

Walifika kwenye jengo la simu. Katika Maelezo Rasmi ni Makumbusho ya Mawasiliano ya Baadaye. Bibi aliupapasa mlango, akauliza kama juu yake kuna dirisha, kwani Mwanaheri alimwambia alikaa chini ya dirisha, na mvua ya huku yeye Perusi alikuwa akiisikia kule.

Sikujua aliinua macho. Niliona midomo yake ikianza kusema neno Makumbusho, kisha ikaliacha.

"Dirisha lipo, Bibi," alisema. "Halina kioo. Kuna mtu amepanda mchicha kwenye kopo la rangi, ameuweka pale dirishani. Umestawi."

Hiyo ndiyo ilikuwa sentensi ya kwanza ya kweli kutamkwa na Redio ya Taifa asubuhi ile, na mtangazaji alishtuka hadi akaweka wimbo. Bibi alicheka peke yake kwa muda, mkono wake ukiwa bado mlangoni. Naibu Waziri alimwita Sikujua pembeni, akatoa kile kibali cha kudumu mfukoni, akakipepea mbele ya uso wake kama mtu anayejipatia upepo, akakirudisha.

Sasa lazima nieleze kuhusu Daraja la Mshikamano. Daraja hili linauvuka mto wetu kutoka mjini hadi Ng'ambo, na limo kwenye stempu, kwenye kalenda na kwenye wimbo wa shule za msingi. Rais alilifungua mara tatu, mara zote akiwa studio. Kasoro yake ndogo ni kwamba halikujengwa. Ilijengwa njia ya kulipandia, pana, ya zege, inayopanda vizuri kisha ikaishia hewani juu ya maji. Kando yake lilijengwa jukwaa la wageni waalikwa, la mbao nzito za mninga, kwani kila ufunguzi ulihitaji jukwaa. Hakuna aliyewahi kumweleza Rais. Kila mmoja alidhani ni kazi ya mwingine. Watu wa Ng'ambo walizoea kuvuka wakiwa wamevua nguo na kuzifunga kichwani, na takwimu ziliwaandika kama waogeleaji.

Naibu Waziri alikuwa amejiandaa. Mpango wake ulikuwa Bibi apandishwe kwenye ile njia ya zege, ageuzwe taratibu karibu na mwisho, ateremshwe, aambiwe tayari yuko Ng'ambo. Chini angemkuta Mwanaheri. Kwa kazi hiyo aliletwa yule binti wa mapokezi, akakalishwa kwenye kiti na kufunikwa shuka miguuni.

Mpango ulitekelezwa. Bibi alipanda, akageuzwa, akateremka, akaongozwa mpaka kwenye kiti. Binti alimkaribisha kwa sauti ya kutetemeka, akasema yeye ndiye Mwanaheri na amefurahi kumwona. Bibi aliinama, akampapasa kichwani.

"Wewe ndiye uliyepokea simu yangu siku ile," alimwambia. "Una sauti nzuri, na adabu yako niliipenda. Usiruhusu wakuzeeshe mapema." Akamgeukia Sikujua. "Tumepanda, tukageuka, tukashuka palepale. Sasa naomba univushe."

Naibu Waziri alikosa subira. Alimvuta Sikujua hatua chache na kumwambia ampandishe tena, safari hii aende naye moja kwa moja. Sikujua alimkumbusha kwa unyenyekevu kwamba mwisho wa zege ni hewa, na chini ya hewa ni maji. Naibu Waziri akamjibu kwamba kisheria daraja lipo, limefunguliwa na Mkuu wa Nchi, na mgeni yeyote atakayeanguka kutoka kwenye daraja lililopo atakuwa ametembea kinyume cha sheria. Alimtaka yeye aishike reli ya pembeni na amwache mgeni atangulie. Akakipapasa kile kibali mfukoni.

Sikujua akarudi kwa Bibi. Akampa kiwiko. Wakaanza kupanda.

Sisi wa Kamati tuliwafuata kwa soksi zetu. Mtangazaji alikuwa akiwaeleza wananchi jinsi daraja linavyong'aa. Bibi alikuwa akimweleza Sikujua kwamba kikapuni ameleta njugu mawe na karanga za kukaanga, vitu ambavyo Mwanaheri alikuwa akivisikia tu kwenye simu. Alitembea kwa imani, fimbo ameikunja, kwa sababu tayari alikuwa na kiwiko cha mtu. Upepo wa mtoni ulianza kutupiga. Nilitaka kusema kitu, lakini kazi yangu ilikuwa mwavuli.

Hatua chache kabla ya zege kwisha, Sikujua alisimama, akanyoosha mkono mwingine mbele ya kifua cha Bibi.

"Simama hapa, Bibi. Mbele hakuna daraja. Halijawahi kuwepo."

Kipaza sauti kilikuwa juu yao palepale. Bendi, ambayo ilikuwa ikipuliza bila sauti, iliacha kupuliza, na ajabu ni kwamba sote tulisikia tofauti. Bibi alivuta pumzi. Hakumwachia kiwiko. "Asante," alimwambia. "Hiyo ndiyo sauti niliyokuwa nikiingoja."

Kisha simu ya Naibu Waziri ikalia.

Naibu Waziri alisimama wima kama mlingoti. Aliyepiga alikuwa Rais mwenyewe, ambaye alikuwa akisikiliza redio huku akinywa chai. Alitaka kujua kijana yule alikuwa na maana gani aliposema hakuna daraja. Naibu Waziri, ambaye hakuupata ule udakta bure, alimweleza kwamba sentensi ilikatika hewani. Kijana alikuwa akisema hakuna daraja kama hili duniani. Rais alilipenda neno hilo. Akasema angependa sasa kusikia viatu vya mgeni vikigonga kwenye mbao zake hadi upande wa pili, na kwamba angesubiri kwenye laini, ambayo aliagiza iunganishwe na redio.

Sijawahi kuiona serikali ikifanya kazi kwa kasi ile. Naibu Waziri aliangalia mto, akaangalia jukwaa, akatuangalia sisi. Wakurugenzi walilibomoa jukwaa kwa mikono yao wenyewe huku tai zikiwa mabegani. Mto wetu si wa kina kirefu, unamfikia mtu kifuani, nasi tulikuwa wengi. Mkurugenzi wa Itifaki alijaribu kutupanga kwa vyeo, wakubwa wakae kwenye maji mafupi, lakini ilibainika kwamba Naibu Waziri ndiye mrefu kuliko wote na katikati ya mto panahitaji urefu. Akaingia katikati, na suti yake, na mimi kando yake, kwa kuwa sikuwa nimepewa amri ya kwenda kwingine. Mwavuli ulichukuliwa na maji. Wakurugenzi walijipanga mbele yetu, bendi nyuma yetu, kila mtu na ubao begani. Afisa Usalama naye aliingia. Tulikuwa sasa na ruhusa ya kumwona, kwani alihitajika.

Huko juu, Sikujua alikuwa akimweleza Bibi kila kilichokuwa kikitendeka, bila kuongeza wala kupunguza. Bibi alisikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo nitakanyaga watu."

"Utakanyaga mbao, Bibi. Watu wako chini ya mbao."

"Wote ni wakubwa?"

"Wengi wao."

Alifikiri kidogo. "Basi ngoja nivue viatu."

Sikujua akamkumbusha kwamba Rais anasubiri kusikia viatu. Wakakubaliana: Bibi akatembea peku, na Sikujua akavishika viatu vyake mkononi na kuvigonga kwenye ubao kila alipokanyaga. Walishuka ukingoni, wakapanda juu yetu. Nilisikia uzito wao ukija kutoka bega hadi bega. Kila alipohisi ubao umeyumba Bibi alisimama na kusema samahani, baba. Alipofika juu ya Naibu Waziri aliuliza aliyepo hapo ni nani, na Sikujua akamtajia jina na vyeo vyote. Naibu Waziri, maji yakiwa kifuani, simu ameinyanyua juu kwa mkono mmoja, akamkaribisha nchini.

"Nimeshakaribia," Bibi alimjibu. "Pole kwa kazi."

Upande wa pili watu wa Ng'ambo walikuwa wamejaa ukingoni. Wao hawakuwa wamesukumwa vichochoroni, kwani hakuna afisa aliyewahi kuvuka kwenda kuwasukuma. Walikuwa wamesikia yote redioni, na vijana wanne walikuwa wamembeba Mwanaheri binti Salehe na kitanda chake cha kamba, wakamweka pale matope yanapoishia. Alikuwa mwembamba, amejitanda ushungi mweupe, na macho yake hayakutoka kwenye zile mbao.

Bibi Perusi alishuka, Sikujua akamsogeza mpaka kitandani, kisha akarudi nyuma. Kwa mara ya kwanza asubuhi ile, hakueleza kitu.  Niliona mikono ya Perusi ikipita juu ya uso wa mwenzake, polepole, paji, mashavu, kidevu.

"Umechelewa," Mwanaheri alisema hatimaye.

"Laini ilikuwa mbovu," Perusi alijibu.

Wakashikana, na wakalia kwa namna ambayo mtangazaji, aliyekuwa ameshika ufito wake huku maji yakiwa kwapani, alishindwa kuielezea, akanyamaza. Nadhani hicho ndicho kipindi kizuri zaidi ambacho Redio ya Taifa imewahi kurusha.

Naibu Waziri alimwarifu Rais kwamba mgeni amevuka salama, akaomba ruhusa ya kufunga shughuli. Rais alikuwa amesisimka mno. Alisema amezisikia mbao kwa masikio yake, kwamba daraja ni imara kuliko alivyodhani, na kwamba kuanzia dakika hiyo lisifungwe tena mchana wala usiku. Kisha akakata.

Watu wa Ng'ambo nao waliyasikia, kwani laini ilikuwa bado imeunganishwa na redio. Walitazamana. Wa kwanza alikuwa mama mwenye mtoto mgonjwa mgongoni. Akaujaribu ubao kwa kidole cha mguu, akapanda. Nyuma yake wakaja wanafunzi na mabegi yao, nguo wamezivaa, wakicheka kwa ajabu ya kuvuka wakiwa wakavu. Akaja fundi na kabati la vyombo kichwani. Hatukuweza kutoka. Wakati wowote ule kulikuwa na mtu juu yetu, na kumwangusha raia kwenye daraja lililofunguliwa na Rais ni kosa kubwa.

Afisa Usalama alikumbuka kwamba alitakiwa kumkamata Sikujua kwa kusema hakuna daraja. Alimpigia kelele kutoka majini asiondoke. Sikujua alimsogelea ukingoni, akamsikiliza kwa heshima, akamwahidi kuwa hataondoka. Hakuondoka kweli. Yuko Ng'ambo mpaka leo na mkewe, anafundisha historia chini ya turubai, na hajaomba kibali kingine. Kesi yake haikufika mbali, maana shahidi wa upande wa mashtaka alitakiwa athibitishe kwamba daraja lilikuwepo wakati mshtakiwa aliposema halipo, na shahidi mwenyewe alikuwa ameshika ubao. Kibali cha kudumu kililowana mfukoni mwa Naibu Waziri, wino ukasambaa, kikabaki muhuri mtupu.

Bibi Perusi alikaa kwa Mwanaheri mpaka njugu mawe zikaisha, kisha akarudi kwao, peku tena, akiuliza majina yetu mmoja mmoja. Wizara nyingine zimeanza kuleta watu wa kupokezana nasi, ingawa kila siku kuna barua za kuomba udhuru. Wizara ya Ujenzi ndiyo iliyochelewa zaidi kufika.

Lakini ninachokikumbuka zaidi ni mchana wa ile siku ya kwanza. Msafara ulikuwa umepungua kidogo, na juu yetu alikuwa akipita mama mmoja mzee aliyeegemea bega la mjukuu wake. Alipofika katikati alisimama kupumzika. Nadhani aliona kidole cha Naibu Waziri kimeushika ukingo wa ubao, kimekunjamana kwa maji. Akainama kidogo.

"Asante, baba," alisema, akaendelea na safari.

 Naibu Waziri amehutubia viwanja, amepigiwa makofi na watu waliopangiwa kupiga makofi, lakini uso alioufanya pale sikuwahi kuuona kwake. Kisha akaniuliza, kwa sauti ya chini ili wakurugenzi wasisikie, mtu akishukuriwa hujibu nini.

Nilimwambia sijui, Mheshimiwa, kwani kwangu pia ilikuwa mara ya kwanza. Tulikuwa bado tunalifikiria jambo hilo mbuzi wa Ng'ambo walipofika, nao wakitaka kuvuka.